Bangili Nne za Khaleti Thureya

Anayefariki Ibra asubuhi huwa ameshazikwa kabla ya adhuhuri, na mimi niliyekuwa Maskati nikapata kisingizio kizuri cha kutowahi. Mazishi kweli nisingeyawahi. Lakini matanga je? Njia siku hizi ni ya saa mbili tu, lami tupu, na gari ninayo. Nilikaa nyumbani siku zote tatu, simu nimeizima, nikijidai naumwa, na nilipokuwa na hakika kwamba matanga yameshaanuliwa ndipo nikavaa baibui langu nikaondoka. Nasema wazi, niliogopa. Mtu mzima kama mimi, mwenye wajukuu, niliogopa kuingia chumba cha wanawake kama mtoto aliyevunja kikombe. Marehemu, Khaleti Thureya, hakuwa ananitisha tena. Niliyekuwa namwogopa ni binti yake, Zamzam.

Wanaonijua wananijua kwa tamthilia. Kwa zaidi ya miaka thelathini nimeandika tamthilia za televisheni, nyingine za Ramadhani, nyingine za kujazia tu msimu, na waandishi wa magazeti wakija kuniuliza nilianzaje huwajibu kwamba nilianza kwa kuigiza, kisha kalamu ikanivuta. Jibu hili linapendeza, nao huliandika kama lilivyo. Nimelitunga mwenyewe kama nilivyotunga mengine. Ukweli ni kwamba kazi yangu yote imetoka katika mwaka mmoja, mwanzoni mwa miaka ya themanini, katika chumba kimoja Ibra alimokuwa mjane amekaa eda, na kilichonitia kalamu mkononi ni wizi. Sina neno jingine. Nimelitafuta miaka yote hii, na mimi ni mtu ninayelipwa kutafuta maneno.

Nilikuwa na miaka ishirini na mbili. Wakati ule mwongozaji akitaka mwanamke wa kuonyesha uso wake kwenye televisheni, alikuwa hana pa kwenda ila kwetu sisi tuliorudi kutoka Afrika. Wenyeji walituita Wazanjibari sote, hata waliozaliwa Tabora na Bujumbura, wakatuona tuna macho makavu. Basi macho makavu yangu yakanipatia kazi. Nilikuwa nimeshaigiza mara mbili, mara ya kwanza mtumishi, mara ya pili jirani mwenye kusengenya, na nilipewa sehemu yangu ya kwanza kubwa wiki ile ile aliyofariki Bwana Seif, mume wa Khaleti Thureya. Sehemu yenyewe ilikuwa ya mjane. Mama alinituma Ibra nikakae na Khaleti, mdogo wake, maana mjane haachwi peke yake, nami nikakubali haraka kuliko kawaida yangu. Mama alinishukuru. Hakujua kwamba nilikuwa nakwenda kutazama.

Bwana Seif alianguka kwenye mitende yake akafa pale pale. Alikuwa mtu wa Ibra asiyewahi kutoka Ibra, na Khaleti aliolewa naye mwaka aliofika kutoka Unguja, msichana wa miaka ishirini asiyekuwa na kwao tena. Walipata mtoto mmoja tu, Zamzam, ambaye mwaka ule alikuwa na miaka kumi na miwili. Siku ya tatu ya matanga, kaka wa marehemu, Bwana Hamed, aliyekuwa na shamba na nyumba yake Mudhaibi, alikuja akasimama nje ya mlango wa chumba, kwa kuwa shemeji haingii kwa mwenye eda, akazungumza na pazia. Alisema mtoto wa ndugu yake ni mtoto wake. Alisema atamwacha kwa mama yake muda wote wa eda, miezi minne na siku kumi, kisha ataangalia. Akiona heshima ya ndugu yake imetunzwa, mtoto atabaki. Na kama haikutunzwa, yeye ana wana, na nyumba yake Mudhaibi ni pana. Hakupandisha sauti hata mara moja. Alipokwenda zake Khaleti alinishika kiganja.

"Umemsikia? Nikimaliza eda hii bila ya kunyooshewa kidole, Zamzam atabaki wangu. Basi sitoki hata uani, mwanangu. Wallahi hata paka akiniita sitoki."

Chumba kile nakiona mpaka leo. Godoro chini, mto mmoja, dirisha la kuangalia uani, na televisheni kwenye pembe imefunikwa kanga kuukuu. Kilichonishangaza zaidi ni kwamba hakikuwa na harufu. Mwenye eda hafukizi udi, hajipaki mafuta mazuri, hatii asmini, na mimi sikuwahi kumjua Khaleti bila ya harufu yake. Chumba kilinuka kahawa na sabuni ya kufulia tu. Mchana nilipika mimi: wali na papa mkavu aliyeletwa kutoka Sur, na tui la nazi ya kopo, naye alikula vizuri, alikula hata ukoko, jambo ambalo nilikuwa sijawahi kumwona akifanya. Alinenepa kidogo katika eda ile. Nililiona hilo nikaliweka akilini, kwa ajili ya kazi yangu.

Kila alasiri walikuja watu wawili. Wa kwanza alikuwa wifi yake, Shamsa, jirani wa ukuta kwa ukuta, aliyetumwa na kaka yake Hamed kuja kumliwaza, yaani kumchunga. Wa pili alikuwa Bi Nasra, aliyesoma naye Unguja wakiwa wadogo. Shamsa alikuwa hajui Kiswahili, alijua "karibu" na "sukari" basi. Na hapa lazima nieleze desturi yetu sisi tuliorudi, kwa sababu mambo yote yamesimama juu yake. Kiarabu kilikuwa cha heshima, cha sokoni, cha wakwe. Kiswahili ndicho kilichokuwa chumba chetu cha ndani. Tukizungumza Kiswahili mbele ya wenyeji tulijihisi tumefunga mlango, hata kama mtu tunayemsema ameketi nasi anakula tende katika sahani moja. Mama zetu walifika mbali zaidi. Waliweza kusema jambo lolote huku nyuso zao zinasema jambo jingine kabisa. Mimi nimefanya kazi na waigizaji wa kila aina, na sijaona aliyewafikia.

Alasiri moja Shamsa alikuwa amekaa karibu na mlango, Bi Nasra anamimina kahawa, mimi nimejilaza ubavu najifanya nasoma. Khaleti aliinamisha kichwa, uso wake umejaa msiba, akautoa mkono wa kulia ndani ya kanga.

"Nasra, nikwambie jambo? Usicheke."

"Sicheki. Huyu keshatukodolea macho."

"Tazama mkono wangu. Mtupu." Aliugeuza taratibu, akapitisha kidole pale penye ngozi iliyokuwa nyeupe zaidi. "Miaka kumi na saba bangili zile zikinisema. Nikenda jikoni zinasema. Nikenda stoo zinasema. Nikipanda juu kuanika nguo zinasema. Zikinyamaza tu naitwa: Thureya, wapi? Hakunipiga, Mungu amrehemu, hakuninyima kitu. Alitaka kujua niko chumba gani tu. Sasa Mungu mwenyewe kanivua. Natembea ndani ya nyumba yangu hapana anayejua niko wapi. Na kitandani nalala katikati, Nasra. Katikati! Mie sikujua kama kina katikati."

"Astaghfirullah, Thureya," alisema Bi Nasra, na kikombe kikamziba mdomo.

Khaleti alikuwa analia kweli. Machozi yalimteremka mpaka kidevuni, na mpaka leo siwezi kusema yalikuwa machozi ya nini. Shamsa aliyaona, akasogea, akaushika mkono ule mtupu akaupapasa. "Subira, dada yangu," alimwambia kwa Kiarabu. "Seif alikupenda." Na Khaleti akamjibu kwa Kiarabu safi, kwa adabu, kwamba Mungu amrehemu.

Bangili zenyewe, nne, za fedha nzito, kazi ya mafundi wa Nizwa, zilikuwa zimefungwa kwenye kitambaa juu ya kabati. Mtaa mzima uliujua mlio wake. Bwana Seif alizinunua siku ya harusi akamvisha mwenyewe, naye hakuruhusiwa kuzivua hata akikanda unga. Ila mwenye eda havai pambo, hiyo ni sheria, na sheria ilikuwa na nguvu kuliko Bwana Seif.

Siku nne za kila wiki nilikuwa Birkat al Mauz, tulikokuwa tukirikodi katika nyumba ya udongo iliyoachwa, juu ya bustani za migomba. Waigizaji wanawake tulilala Nizwa katika nyumba ya kupanga. Mwongozaji wetu, Ustadhi Fathi, alikuwa mgeni kutoka Sham, yaani Syria, mtu mpole anayevuta sigara moja kwa nyingine, na mswada ulikuwa wa mgeni mwenzake asiyewahi kumwona mjane wa Oman. Aliandika kwamba mjane anapiga mayowe, anajipiga mashavu, anararua nguo. Nilijaribu mara tatu. Wanawake wa kijiji waliokuja kutazama walicheka, mmoja akafunika uso kwa aibu yangu.

"Ustadhi, kwetu mjane hafanyi hivi," nilimwambia.

"Anafanyaje?"

Nilitakiwa kujibu kwamba anakaa kimya anasoma Kurani. Badala yake niliketi chini, nikainamisha kichwa, nikautoa mkono wa kulia, nikaugeuza taratibu, nikapitisha kidole kwenye ngozi. Nikavuta pumzi pale alipovuta Khaleti. Kisha nikasema maneno machache ya Kiarabu kuhusu bangili. Safari hii hakuna mwanamke aliyecheka. Ustadhi Fathi aliisahau sigara yake ikamchoma kidole.

"Iandike," alisema. "Yote. Kesho asubuhi niione."

Niliandika jioni hiyo hiyo Nizwa, nyuma ya karatasi za mswada, kwanza kwa Kiswahili kama nilivyoyasikia maneno ya Khaleti, kisha nikaanza kuyahamisha neno moja moja kuyaingiza katika Kiarabu. Sijapata kuwa na furaha kama ile, wala siku nilipoolewa, wala nilipozaa. Kila neno lilipokubali kugeuka nilihisi nimeshinda. Watu huniuliza, wale wachache wanaojua, kama nilimfikiria Khaleti. Laiti ningeweza kusema sikumfikiria. Nilimfikiria, nikajiambia watu wa Ibra hawatatambua, wanawake wangapi wana bangili, na Bwana Hamed yuko Mudhaibi na mitende yake. Nikaendelea kuandika. Hata lile la katikati ya kitanda nililitia, tena nikaliweka mwisho, maana nilijua ndilo litakaloua.

Tamthilia ilitoka Ramadhani, baada ya futari, wakati kila nyumba iko mbele ya televisheni. Eda ya Khaleti ilikuwa iishe siku chache baada ya Idi. Televisheni yake ilikuwa imefunikwa kanga, basi siku ya sehemu yangu nikaenda nyumbani kwa Shamsa, na Zamzam nikamchukua. Hakuna aliyenialika. Nilitaka waone uso wangu, huo ndio ukweli. Tulikaa wanawake saba au wanane, sambusa na uji wa ngano katikati, watoto wamelala mapajani. Nilipotokea kwenye kioo walishangilia. Kisha nikauona mkono wangu unatoka ndani ya kanga, unageuka, na kidole kinapita kwenye ngozi, na pembeni yangu Zamzam akaruka kwa furaha.

"Huyo mama!" alisema kwa Kiarabu, kwa sauti, ili wote wasikie. "Anafanya kama mama!"

Sikuthubutu kumtazama Shamsa, lakini nilimwona hivyo hivyo, kwa pembe ya jicho. Alikuwa anautazama mkono wake mwenyewe, ule aliopapasia. Mjane wa kwenye kioo akasema habari ya jikoni, na stoo, na juu kwenye kuanikia, akasema hakuna tena anayejua yuko chumba gani, akasema la kitanda. Kwa Kiarabu. Kila mtu alielewa kila neno. Shamsa alinyanyuka akaizima televisheni, akakusanya bakuli moja baada ya jingine.

Bwana Hamed alifika kesho yake baada ya sala ya alasiri. Safari hii pia alizungumza na pazia, na safari hii pia hakupandisha sauti.

"Nilikuwa nikijiuliza kwa nini sikusikii kulia, Thureya. Sasa Oman yote imeniambia."

"Ni mchezo wa televisheni, Hamed," alisema Khaleti. "Mtoto huyu anaigiza. Maneno ya watu hayo."

"Apa basi. Apa kwamba hukuyasema."

Nilikuwa nimesimama uani, baina yao, nimeshika birika. Ningeweza kusema ni maneno yangu. Nilikuwa mwigizaji, ningeweza kuapa mimi, ningeweza kulia, ningeweza kuanguka miguuni kwake. Sikufanya. Ndani ya chumba Khaleti alikuwa amefunga Ramadhani, Kurani iko mapajani mwake, naye hakuapa uwongo. Bwana Hamed alisubiri muda wa kutosha, halafu akamwita Zamzam.

Mtoto alidhani anapelekwa kwa ami yake kuzungushwa kwa ajili ya Idi. Alichukua gauni lake jipya. Gari ilipowashwa ndipo alipomwona mama yake hajatoka kumuaga, akaanza kuita kupitia dirishani, na Khaleti akaja mbio mpaka mlango wa nje. Alifika kizingitini akasimama. Alishika miimo miwili ya mlango, mikono mitupu, mguu mmoja umeshanyanyuka, na hakuvuka. Shamsa alikuwa mlangoni kwake anaangalia. Zilikuwa zimebaki siku kumi na moja za eda. Angetoka barabarani angetiwa kosa la pili, na alikuwa bado na matumaini, maskini, kwamba akimaliza vizuri atarudishiwa. Gari ikaenda na vumbi lake. Aliuteremsha mguu taratibu, akarudi chumbani.

Jioni yake aliniita. Sikujua kama atanipiga. Nilitamani anipige.

"Nisomee ulivyosema," alisema. "Kwa Kiarabu."

Nilimsomea, nalia, yote mpaka mwisho. Alisikiliza macho yamefumba. Nilipomaliza akasema, "Kiarabu chake kizuri," akageukia ukuta. Hatukulizungumza tena jambo hilo mpaka kufa kwake.

Zamzam hakurudishwa. Eda ilipokwisha, Khaleti alipanda juu ya kiti, akaziteremsha bangili kutoka kabatini akazivaa zote nne, ili Shamsa azisikie na akaseme. Hazikumsaidia. Miaka mitatu baadaye Zamzam aliozwa kwa mtoto wa Bwana Hamed, na ukaja ujumbe kwamba bangili alinunua Seif na zinatakiwa na damu ya Seif, basi Khaleti akazivua mara ya pili akazipeleka. Mimi sikuigiza tena. Niliona haya kuuonyesha uso wangu, na Ustadhi Fathi alinitaka niandike, na mwandishi haonekani. Hivyo ndivyo nilivyokuwa mwandishi.

Juzi, basi, nilifika Ibra, nikavua viatu nikakaa katika chumba kile kile. Godoro limekuwa kitanda cha hospitali, dirisha limetiwa kiyoyozi. Hakukuwa na mtu. Kisha nikasikia. Kutoka nyuma, kwenye ujia wa jikoni, fedha juu ya fedha, inakaribia. Nilimsikia Zamzam kabla sijamwona, mwanamke mnene wa miaka hamsini na kitu, uso wa mama yake, ameshika sinia la kahawa, na bangili nne zimezama katika nyama ya mkono.

"Shikamoo, khaleti," alisema, kwa heshima ya umri wangu.

"Marahaba, mwanangu. Nisamehe, sikuwahi matanga."

"Maalesh, si kitu." Kiswahili chake kimebaki cha mtoto wa miaka kumi na mbili, kimechanganyika. "Mama alikuwa anaangalia musalsal yako yote, kila Ramadhani. Ikianza tu anauliza, hii ya nani? Mimi namwambia, ya khaleti. Anasema, la, la, ya nani?"

Nilikunywa kahawa. Nilikuwa najua kwamba mumewe amefariki miaka sita iliyopita, naye akarudi kukaa na mama yake, kwa hiyo nikamuuliza, kwa sauti ndogo, kwa nini bado anazivaa.

Alizitazama kama mtu aliyeulizwa habari ya vidole vyake. "Kwenye eda nilivua, sharia. Nyumba ikawa kimya, kimya sana. Nikawa naogopa, sijui mimi niko wapi. Siku ya kwisha tu, nimevaa." Akacheka kidogo. "Ngoja nikuletee halua."

Aliondoka na sinia. Sikugeuza kichwa, wala haikunilazimu. Alikwenda jikoni, akasimama hapo muda, akaingia stoo, akatoka, akapanda ngazi tatu za kwenda juu kama aliyesahau anachotafuta, akateremka, akarudi jikoni. Nilikaa chumbani kwa Khaleti Thureya nimeshika kikombe kilichokwisha kahawa, na kila alipokuwa nilipajua.